Roboti waliodai kuwa bora kuliko binadamu: walifundishwa na nani?

#1 Mzamivu Butu
Wakuu, habari za jioni.

Nimemaliza kusoma R.U.R., ile tamthilia ya Karel Čapek wa Prague, ya mwaka 1920, na kuna kitu kimenikaba. Kwa ambao hawajaipitia: kisiwani kuna kiwanda cha kutengeneza watu wa bandia, wanauzwa dunia nzima kama vibarua. Baadaye roboti wale wanaasi na kumaliza watu. Hapo hakuna jipya, sinema za hivyo tumeziona mpaka tumezichoka.

Kilichonikaba ni tangazo lao. Wakubwa wa kiwanda wamekaa kwa hofu siku nzima, ghafla meli ya barua inatokea kwa saa yake ileile. Wanashangilia, wanadhani mambo yametulia. Kumbe meli haina barua, imejaa marobota ya vipeperushi vilivyoandikwa na roboti. Humo wanasema mtu ni adui, na sababu wanazitoa: sisi tuna nguvu kuliko yeye, tuna akili kuliko yeye, tumepanda ngazi ya juu kuliko yeye, na yeye ni kupe anayetunyonya.

Sasa swali. Viumbe hawa walitengenezwa bila hamu, bila chuki, bila hata kuogopa kufa. Wazo la "sisi bora, nyie duni" walilitoa wapi? Mimi nadhani lipo jibu ndani ya kitabu chenyewe, ila nataka kusikia wenzangu kwanza.

#2 Kiti cha Mbele
Natia nanga. Wajuvi wanakuja.

#3 Kipanga77
Mleta mada unajichosha bure. Angalia mwaka. 1917 mapinduzi ya Urusi, 1920 tamthilia. Roboti zile za chuma ni makabwela tu waliovalishwa mabati. Hata tangazo lenyewe linaanza kwa kuziita roboti za dunia nzima, sasa hiyo umeisikia wapi? Mwandishi aliwaogopa wafanyakazi, akaandika hofu yake. Uzi ufungwe.

Halafu neno roboti ni la Asimov, yule Mmarekani wa hadithi za kisayansi, si la huyo Mcheki.

#4 Ticha wa Zamu
Kipanga77, umekosea mara mbili ndani ya aya moja, hiyo ni rekodi.

Kwanza, roboti wa R.U.R. si wa chuma hata kidogo. Ni nyama, ila ya kukandwa. Kiwandani mna mapipa ya kukorogea maini na ubongo, mna kinu cha kusokota mishipa kama nyuzi. Kwa macho huwezi kuwatofautisha na watu. Helena, msichana mgeni, anapofika kisiwani anamdhania karani wa kike, Sulla, kuwa ni mtu, kumbe roboti. Akishaaibika hapo, anawadhania mameneja kuwa ni roboti, kumbe watu. Na wenyewe wanachekelea.

Pili, R.U.R. inachapishwa Asimov alikuwa mtoto wa kunyonya. Hata Karel mwenyewe hakulibuni neno lile. Alitaka kuwaita kwa neno la Kilatini la kazi, akaliona halina ladha. Akamwendea kaka yake Josef, mchoraji, akamkuta anapaka rangi. Josef akajibu kwa mdomo uliobana brashi: waite roboti. Linatoka kwenye "robota", kazi ya bure ambayo mkulima alilazimika kumfanyia mwenye ardhi. Katika himaya ya Austria ilifutwa 1848. Kwetu pwani neno lake lipo: shokoa.

Asimov alichotupa ni jina la fani, robotiki, mwaka 1941.

#5 Mjukuu wa Manamba
Ticha, umenigusa na hiyo shokoa. Babu yangu mzaa baba alikuwa manamba kwenye mkonge, Korogwe. Nao waliitwa hivyo kwa sababu ya namba. Msimamizi hakujua jina la mtu, alijua namba na kipande, siku thelathini zikijaa ndipo unalipwa. Babu alikuwa akisema kuna msimamizi mmoja akimsifia mtu mwenye kasi ya kukata alisema: "huyu ni mashine". Watu wakafurahi! Jioni wakabishana nani mashine zaidi.

Kwa hiyo mimi naona si hofu ya Warusi. Ni hofu ya mwenye shamba yeyote. Anajua alichowatendea watu, kwa hiyo akilala anaota wanamtendea.

#6 Kipanga77
Mjukuu wa Manamba, hiyo yako na yangu ni moja, umeibadilisha kanzu tu. Ticha, asante kwa masahihisho, hayo ya chuma nilichanganya na sinema.

#7 Mkazi wa Nakuru
Salamu kutoka huku. Haziko sawa, ndugu Kipanga. Wewe unasema mwandishi aliwaogopa vibarua. Mjukuu anasema bwana anajiogopa mwenyewe. Wa kwanza anamlaumu mtumwa, wa pili anamlaumu bwana. Hata mahakamani hizo ni kesi mbili.

Na nikumbushe jambo: katika tamthilia hiyo vibarua wa kweli ndio walioanza kuvunja roboti, kwa kupokonywa kazi. Serikali zikawapa roboti silaha wawapige vibarua. Halafu zikawafanya wanajeshi. Sasa ukimpa mtu bunduki na kumfundisha kumpiga binadamu, unashangaa nini akizoea?

#8 Fundi Saa
Wakuu, wazo hili ni kongwe kuliko Mcheki. Samuel Butler, Mwingereza aliyekuwa mfugaji wa kondoo New Zealand, alituma barua gazeti la The Press la Christchurch, Juni 1863. Hakuweka jina lake, aliandika "Cellarius". Kitabu cha Darwin kilikuwa na miaka minne tu tangu kitoke. Butler akauliza: kama wanyama wanabadilika kizazi kwa kizazi, mashine je? Akatolea mfano saa, hapo ndipo aliponipata mimi. Saa za kale zilikuwa mizigo mikubwa, zikapungua hadi zikaingia mfukoni. Akasema tunajitengenezea warithi wetu wenyewe, na siku moja mtu atakuwa kwa mashine kama farasi na mbwa walivyo kwa mtu. Tena akaongeza kuwa pengine tutatunzwa vizuri, maana nani anamnyima chakula farasi wake?

Mwisho akataka mashine zote zivunjwe. Alikuwa anatania au hatanii? Mpaka leo wasomaji wake wanagombana. Mwaka 1872 akatoa riwaya ya nchi ambako mashine zilishapigwa marufuku, mgeni anaingia na saa yake mfukoni, anapata msala.

Kwa hiyo chanzo ni Darwin. Ngazi ya viumbe ikishasimamishwa, lazima mtu aulize nani anakaa juu yetu.

#9 Msomi wa Chuo cha Mwembeni
Assalaam aleikum. Fundi Saa umesema kongwe, ngoja nikupeleke kwenye kongwe yenyewe. Suratul Aaraf, aya ya 12. Iblis anaulizwa kilichomzuia kumsujudia Adam. Anajibu kuwa yeye ni bora kuliko Adam, kwani yeye ameumbwa kwa moto na Adam kwa udongo.

Iangalieni hoja ilivyo. Hakusema "mimi nina elimu zaidi" wala "mimi nimetenda mema zaidi". Hoja yake ni malighafi. Mimi moto, wewe udongo, basi nimekushinda. Sasa chukueni roboti yeyote wa hadithi anayejiona, kamtazameni: mimi chuma, wewe nyama. Maneno ni yale yale, kilichobadilika ni kiwanda.

#10 Kipanga77
Msomi, hapo umenimaliza. Ila kwa taarifa yako, vile vibao vya ndani ya kompyuta malighafi yake ni silikoni, na silikoni inatolewa kwenye mchanga. Kwa hiyo mashine za siku hizi nazo ni udongo. Sijui watamringia nani.

#11 Msomi wa Chuo cha Mwembeni
Hahaha. Udongo kwa udongo, haya.

#12 Ticha wa Zamu
Hoja ya Msomi ina ushahidi kwenye fasihi yenyewe, na safari hii kwa Asimov, Kipanga afurahi. Hadithi yake fupi ya Aprili 1941 ina roboti anaitwa QT-1, yuko kwenye kituo cha angani na mafundi wawili, Powell na Donovan. Wanamwambia: sisi ndio tuliokuunganisha. Anakaa kufikiri siku kadhaa, anarudi na jibu: haiwezekani. Nyie ni laini, mnategemea chakula ambacho nusu yake kinapotea bure, kila siku mnazimia kwa saa kadhaa mnaita usingizi, joto likizidi kidogo hamfanyi kazi. Nyie ni vitu vya kujaribia. Mimi ndiyo kazi iliyokamilika. Na kiumbe hawezi kuumba kilicho bora kuliko yeye, kwa hiyo si nyie mlioniumba.

Wakamuunganisha roboti mwingine mbele ya macho yake. Akasema: vizuri, mmeunganisha vipande. Vipande mlivitoa wapi?

Wanashindwa kabisa! Anaanzisha ibada ya mtambo wa nishati, roboti wengine wanamfuata. Na kazi anaifanya bila kosa, kuliko wangeifanya wao. Mwisho wanamwacha na imani yake.

#13 Msomi wa Chuo cha Mwembeni
Hiyo hadithi niliisoma. Pale roboti wanapokariri maneno ya kumtaja QT-1 kama mtume, kwa mfano wa shahada, nilifunga kitabu. Mzaha una mipaka yake. Baadaye nilikimalizia, lakini nilikasirika kwanza.

#14 Mama Upindo
Jamani mimi ni fundi cherehani, hizo tamthilia sizijui, nimeingia kwa kichwa cha habari. Ila nina ushahidi wangu. Nikishona nguo usiku kucha, nikaitia nakshi kwa mkono, mteja akifurahi sana ananiambia nini? "Mama Upindo, hii kama imetoka kiwandani!" Na akitaka kunitukana anasema: "hii inaonekana kabisa imeshonwa."

Hakuna roboti aliyetufundisha hivyo. Ni sisi.

#15 Mzamivu Butu
Mama Upindo, wewe hujakisoma kitabu na umefika nilipokuwa nakwenda!

Sasa niseme langu. Rudini mwanzo kabisa, kabla ya uasi. Meneja mkuu, Domin, anamsimulia Helena historia ya kampuni. Mzee Rossum alikuwa msomi mwenye wazimu, alitaka kutengeneza mtu kamili na kila kiungo, ili athibitishe kuwa Mungu hahitajiki. (Jina lake linatoka kwenye neno la Kicheki la akili, "rozum".) Kijana Rossum, mhandisi, akaja akasema huu ni upuuzi. Mtu ni kitu kinachofurahi, kinapiga fidla, kinataka kwenda kutembea, na hayo yote hayahitajiki kwenye kufuma nguo wala kujumlisha hesabu. Injini ya petroli haifungwi shada. Akaanza kupunguza, akabakisha mfanyakazi mtupu. Domin anamalizia kwa fahari kuwa roboti kwa utendaji wamekamilika kuliko sisi.

Hilo ni tangazo la biashara. Ndivyo walivyowauza miaka yote: hachoki, hakosei, kamzidi mtu. Halafu miaka kumi baadaye roboti wanatoa kipeperushi, na ukikisoma ni kipeperushi kilekile cha kampuni! Wameongeza neno kupe tu. Kwa hiyo wazo hawakulitoa kwa Marx wala kwa Darwin. Walilikuta kwenye vyeti vyao vya kuzaliwa.

#16 Mkazi wa Nakuru
Mzamivu, hiyo ni tamu lakini haitoshi. Umemsahau Radius, yule roboti. Helena alimweka maktaba, asome kila kitu. Siku anayokataa kazi, anasema hataki bwana juu yake, anataka yeye awe bwana wa wengine. Kwenye tangazo la kampuni hakuna mstari wa kutaka ubwana. Hiyo aliipata kwenye vitabu vya historia, yaani kwetu sote.

Tena kuna Dk. Gall, mtaalamu wa kiwanda. Ndiye aliyewabadilisha roboti kwa siri, kwa kubembelezwa na Helena, ili wawe na kitu kama roho. Mwanzo kulikuwa na ugonjwa wao, roboti anatupa kila kitu chini, anasimama akisaga meno. Wakubwa wa kiwanda wakasema ni hitilafu, apelekwe akasagwe. Helena akasema hiyo ni roho. Mimi nasema kiburi kilianzia kwenye lile jino linalosagwa, kabla Radius hajaingia maktaba.

#17 Mjukuu wa Manamba
Hapo kwenye kusaga meno Nakuru naungana nawe. Babu aliyajua hayo pia.

#18 Kipanga77
Mzamivu, hilo neno kupe lilinikumbusha marehemu mzee wangu, balozi wa nyumba kumi. Kila mkutano kupe, mirija, kupe, mirija. Hatukuwa roboti lakini tulilijua kwa kichwa.

#19 Mkazi wa Nakuru
Jambo dogo la lugha, nimevumilia nimeshindwa. Mleta mada anaandika "roboti wale". Kipanga anaandika "roboti zile". Tuamue ni ngeli gani. Huku kwetu shuleni mwalimu angekata alama: roboti ni kifaa, I-ZI, "roboti hii, roboti hizi".

#20 Ticha wa Zamu
Si rahisi hivyo. A-WA tunaiita ngeli ya viumbe hai, lakini mti una uhai na uko U-I. Jini, malaika na shetani hawana nyama, wote A-WA. Kijana, kipofu, kibarua vina KI- ya vitu, na tunasema "kibarua huyu". Tena katika hadithi za watoto kijiko kikisema tu neno moja, kinakuwa "kijiko akajibu". Kwa hiyo ngeli yetu haiulizi kama una damu. Inauliza kama unajibu.

Roboti wa R.U.R. wanajibu. A-WA.

#21 Fundi Saa
Basi saa yangu ya kuamsha, kila asubuhi inanijibu.

#22 Kipanga77
Ticha unawapa uraia. Roboti zikishapata A-WA kesho zitataka kupiga kura. Mimi nabaki I-ZI mpaka kufa.

#23 Kiti cha Mbele
Na hii akili mnemba nayo? Mimi nilivyolisikia mara ya kwanza nilidhani ni akili ya kule kisiwani Mnemba.

#24 Fundi Saa
Wengine wanasema akili unde. Zote mbili zinatumika, endelea kupiga mbizi huko Mnemba.

Nirudi kwenye mada. Kuna watu wa kweli, si wa hadithi, wanaolishika wazo hili bila kusukumwa na roboti. Hans Moravec, mtaalamu wa roboti Marekani, 1988 aliandika kuwa mashine zenye akili zitakuwa watoto wetu wa kiakili, zitaturithi, na hatuna sababu ya kulia, kama mzazi hamlilii mwanawe anayemzidi. Kwa hiyo ongezeni nadharia nyingine: si hofu, si kiburi. Ni mapenzi ya mzazi.

#25 Mama Upindo
Mzazi gani anataka mtoto aje kumfukuza nyumbani? Huyo hajazaa.

#26 Saidia Fundi
Wakuu nimesoma yote. Naomba nitoe yangu, labda si mahali pake.

Mimi ni mwashi, mwaka wa kumi na tisa sasa. Nilikwenda ofisi moja, siitaji, kufuatilia haki yangu. Kuna kile kioo cha kuweka dole gumba. Nikaweka, kikakataa. Nikaweka kingine, kikakataa. Vidole vyote kumi. Saruji na matofali vimenila mistari yote, vidole viko laini kama kijiko. Nikampa karani kitambulisho chenye picha yangu, anaiona picha, ananiona mimi. Akaniambia: "Mzee, mimi nakuona, ila mfumo haukuoni." Nikamwuliza, sasa kati yako na mfumo nani anajua? Akasema mfumo.

Nimerudi mara tatu.

#27 Ticha wa Zamu
Pole sana kaka. Kuna kitu lazima nikwambie. Katika hiyo R.U.R., watu wote kisiwani wanauawa isipokuwa mmoja, Alquist, mjenzi. Huyu akiwa na wasiwasi alikuwa anapanda jukwaa la ujenzi na mwiko, anapanga matofali. Roboti wanamfikia, Radius anasema huyu aachwe. Sababu: anafanya kazi kwa mikono, kama wao.

#28 Saidia Fundi
Kumbe roboti wa kwenye kitabu wana heri. Mikono yake ilimwokoa, yangu imeniponza.

#29 Mkazi wa Nakuru
Na ndiyo maana Čapek, London walipobishana sana kuhusu roboti wake mwaka 1923, aliwajibu kuwa yeye alivutiwa zaidi na watu kuliko na roboti. Hapo hata Kipanga na Mzamivu mnaweza kukosea wote.

#30 Kipanga77
Ninakosea vizuri. Saidia Fundi, jaribu mafuta ya mgando usiku, vaa soksi mikononi ulale. Shemeji yangu mpiga kokoto ilimsaidia.

#31 Mama Upindo
Na asiguse saruji wiki nzima. Ngozi inarudi. Mimi nikichomwa sana na sindano huwa naacha hivyo.

#32 Saidia Fundi
Wiki nzima bila kazi nani ananilisha mama? Ila nitajaribu.

#33 Mzamivu Butu
Wakuu, nadharia zimekuwa nyingi na hakuna aliyeachia yake. Msomi bado na Iblis wake, Fundi Saa na Darwin, Nakuru na meno. Mimi bado nashikilia tangazo la kampuni. Tuendelee kesho, umeme unachezacheza huku.

#34 Saidia Fundi
Nimerudi, samahani kwa kuchelewa. Siku tisa sikushika mwiko, mafuta kila usiku. Jana kidole cha pete cha kushoto kimekubali. Karani akafurahi mno, akatoa leso yake akakipangusa kile kioo polepole, akasema "ahsante mwanangu". Nikaitikia. Kumbe alikuwa anakiambia kioo.

#35 Kipanga77
Duh. Basi A-WA.